Kadi ya Mji wa Watu

Msomaji mpendwa, kama unaye mtoto aliyekwenda ng'ambo kutafuta maisha, iko siku atakupigia simu akuambie, "Mama, njoo unisaidie kulea." Utafurahi, utafunga sanduku, utauliza habari za baridi na makoti. Hayo ya baridi utaambiwa na kila mtu. Mimi nataka kukupa habari za jambo ambalo sikuambiwa na yeyote, nalo ni kitambulisho. Naandika habari za mji wa New York, maana huko ndiko nilikofikia mwaka 2015, upande wa Bronx, kwa binti yangu aliye mwuguzi hospitalini.

Kwetu Same nilifundisha shule ya msingi zaidi ya miaka thelathini, na katika miaka hiyo yote sikupata kuulizwa mimi ni nani. Auzaye ndizi sokoni nilimfundisha kusoma. Kondakta wa basi la Moshi nilimfundisha kuhesabu, ingawa chenji yake ilikuwa bado na walakini. Hata tulipoandikishwa kwa Kitambulisho cha Taifa, kile kilichoanza kutolewa Tanzania mwaka 2013, kazi ilianza kwa viongozi wa mtaa, waandike barua kwamba huyu twamjua, anakaa kwetu. Yaani kwanza mtu alimshuhudia mtu, kisha karatasi ikafuata nyuma.

New York mambo ni kinyume. Karatasi hutangulia, mtu akafuata. Jengo tunamokaa lina ghorofa sita, na katika mwezi wangu wa kwanza niliyemjua kwa sauti ni mbwa wa ghorofa ya nne tu. Usidhani watu wale ni wabaya. Ni wengi, zaidi ya milioni nane, na kila mmoja anakimbilia treni yake. Nani atakuwa shahidi wako?

Nilikuwa na pasipoti yangu ya Tanzania, na risiti ya Serikali ya Marekani ya kuonyesha kwamba maombi yangu ya kukaa na binti yangu yamepokelewa. Risiti ile haina picha. Pasipoti ndiyo yenye picha, lakini binti yangu aliifungia katika sanduku la chuma chini ya kitanda. Utauliza, mbona hakuniachia nitembee nayo? Basi fikiri. Pasipoti ikipotea katika treni, ubalozi wetu uko Washington, safari ya basi ya zaidi ya saa nne kwenda tu; na maombi yote uliyopeleka Serikalini yanaitegemea pasipoti hiyo hiyo. Wageni wengi hufanya kama alivyofanya yeye. Kwa hiyo nilizunguka mjini nikiwa sina hata kikaratasi chenye uso wangu.

Februari 2016 simu ililia saa tano asubuhi. Mjukuu wangu, mwenye umri wa miaka sita, ana homa kali shuleni, aje mtu kumchukua. Shule haikuwa mbali. Nilifika kwa dakika kumi nikihema. Mlangoni pana meza na askari, nawe hupandi ngazi mpaka uonyeshe kitambulisho chenye picha na kuandika jina lako kitabuni. Jina langu lilikuwamo katika kadi ya dharura ya mtoto. Mama yake aliliandika kwa mkono wake. Askari alilitafuta, akaliona. Akaniambia kwa upole, "Bibi, jina naliona, lakini nitajuaje kwamba mwenye jina ni wewe?"

Ningejibu nini? Kwamba waulize Same? Mtoto alikuwa juu kwa mwuguzi wa shule, mimi chini kwenye benchi, na kati yetu ngazi ishirini. Tulikaa hivyo karibu saa mbili, mpaka mama yake alipopata mtu wa kumshikia zamu. Simlaumu yule askari. Shule itoayo mtoto kwa yeyote ajaye mlangoni, mimi nisingempeleka mjukuu wangu. Lakini pale kwenye benchi nilijiona kama mzigo ulioshushwa stesheni bila anwani.

Aliyenipa habari za kadi ya mji ni mwenzetu wa ghorofa ya pili, mama mmoja wa Goma, Kongo. Tulijuana kwa Kiswahili: nilimsikia ngazini akimgombeza mwanawe, nikageuka kama niliyeitwa na ndugu. Mimi humwita Mama Goma, naye huniita Mwalimu. Aliniambia kwamba mji una kitambulisho chake wenyewe, watu wanakiita IDNYC, hakilipiwi hata senti moja, wala hawaulizi una vibali gani vya Serikali kuu. Nikamwuliza, "Wewe unacho?" Akacheka kidogo. "Mwalimu, mimi hapana." Nitarudi kwake, maana sababu yake ni nzito.

Kwanza nieleze kadi za namna hii zilivyoanza. Marekani haina kitambulisho kimoja cha taifa kama chetu. Watu wengi hujitambulisha kwa leseni ya udereva, na leseni hutolewa na kila jimbo kwa sheria zake. Miaka ile jimbo la New York lilitaka hati ambazo wageni wengi hawakuwa nazo. Mji wa kwanza kutoa kadi kwa wakazi wake wote, wenye vibali na wasio navyo, ni New Haven katika jimbo la Connecticut, mwezi wa Julai 2007. Sababu yake wala si ya siasa kubwa. Wafanya kazi wageni walishindwa kuweka fedha benki kwa kukosa kitambulisho, mshahara wakatembea nao mfukoni au wakaulaza chini ya godoro, wezi wakajua. Na aliyeporwa hakwenda polisi, kwa kuwa aliogopa kuulizwa yeye ni nani. Mji ukaona heri kuwapa watu kadi, mtu mzima kwa dola 10 na mtoto kwa dola 5. Baraza la mji lilikubali jambo hilo mwanzoni mwa Juni. Siku mbili tu baadaye maafisa wa uhamiaji wa Serikali kuu waliingia mjini wakakamata watu karibu 30. Ungedhani hapo mpango umekufa. Lakini Julai ilipofika watu walipanga foleni ndefu kuzitaka kadi zile. Nami nikikumbuka foleni hiyo, huwaza ujasiri waliokuwa nao.

San Francisco ikafuata mwaka 2009. New York ilipitisha sheria yake mwaka 2014, wakati wa Meya Bill de Blasio, na kadi zikaanza kutolewa Januari 2015. Watu walifurika majuma yale ya kwanza hata wengine wakapewa miadi ya miezi kadhaa mbele.

Sasa nikueleze namna ya kuipata, maana hapa ndipo penye kazi. Hesabu yake yafanana na mtihani. Hati zako hupewa alama, na lazima ufikishe 4: zisizopungua 3 za kuonyesha wewe ni nani, na isiyopungua 1 ya kuonyesha kwamba unakaa mjini. Pasipoti ya nchi nyingine, ile isomwayo kwa mashine, ilikuwa na alama 3. Nikajisifu moyoni: imebaki moja tu. Lo! Hiyo moja ilinitoa jasho kuliko zile tatu.

Bili ya umeme ina jina la binti yangu. Ya gesi vivyo hivyo. Akaunti ya benki sina. Karatasi ya mshahara ingekubaliwa, lakini alezaye wajukuu haandikiwi karatasi ya mshahara. Hivyo basi, bibi au babu aliyekuja kukaa kwa mwanawe anaweza kulala mji ule miaka mitano, akapika, akafua, akapeleka watoto shule mvua na theluji, na pasiwe na karatasi hata moja isemayo kwamba anakaa humo. Yafaa ulijue hili kabla hujapanda ndege, ili umwambie mwanao mapema akuandikishe jina mahali fulani katika hati za nyumba.

Sisi tulimwendea mwenye nyumba, tukamwomba anitie katika mkataba wa kupanga. Hakukataa wala hakukubali. Alitaka kujua kama mtu wa nne nyumbani maana yake ni maji zaidi. Binti yangu akamwambia kwamba maji hayo yamekwisha kutumika mwaka mzima naye hakuyaona. Mwisho akasema tungoje mkataba wa zamani uishe. Tukangoja mpaka Mei. Mkataba mpya ulipokuja, jina langu limepungua herufi moja. Binti yangu akataka tutie sahihi hivyo hivyo, kwa kuwa alikuwa amechoka. Nikakataa. Mwalimu hapitishi imla yenye kosa, tena karani atalinganisha mkataba na pasipoti herufi kwa herufi. Ukaandikwa upya.

Siku ya miadi tulikwenda kwenye chumba kimoja cha maktaba ya mji. Karani alikuwa msichana mchangamfu. Alizitazama hati, akazipitisha katika mashine ya kunakili, akahesabu alama zangu kwa sauti: tatu, na moja, nne. Msomaji, nimesahihisha madaftari maelfu, lakini sikupata kufurahia alama nne namna ile. Akaniuliza kama nataka jina la mtu wa kuitwa wakati wa dharura liandikwe nyuma ya kadi. Kwa mzee hilo ni jambo zuri sana. Ukianguka njiani, atakayekuinua atajua ampigie nani. Nikaandikisha jina la binti yangu. Kisha nikakaa mbele ya kamera. Kadi haikutolewa pale pale. Ilikuja kwa posta baada ya majuma mawili na kitu, na kuja kwake kwa posta kulinipendeza kuliko kadi yenyewe. Ilikuwa barua ya kwanza iliyoletwa mlango ule kwa jina langu.

Matumizi yake ni mengi. Shuleni naingia. Duka la dawa wakitaka kujua dawa ya nani, naonyesha. Maktaba waliiunganisha na orodha yao, ikawa ndiyo kadi ya kuazimia vitabu. Polisi wa mji huikubali mtu anapotakiwa kujitambulisha, nalo si jambo dogo: kwa kosa hafifu, mwenye kujitambulisha aweza kupewa karatasi ya kuitwa mahakamani akaenda zake, na asiyeweza akapelekwa kituoni.

Tena, ili watu wote waitamani, hata matajiri, isije ikawa alama ya kuwaonyesha kidole wasio na vibali, mji uliambatanisha zawadi. Mwaka ule wa kwanza majumba ya makumbusho, bustani na kumbi 33 zilikubali kumpa mwenye kadi uanachama wa mwaka mmoja bure. Niliona hiyo ni akili. Mmojawapo ulikuwa bustani ya wanyama ya Bronx. Mimi nimezaliwa karibu na Mkomazi, na maisha yangu yote nilisikia habari za simba wa Mkomazi bila kumwona hata mmoja. Simba wangu wa kwanza nimemwona Bronx, mahali wanapopaita Nyika za Afrika. Alikuwa amelala. Mjukuu wangu aliniuliza kama ndivyo walivyo kwetu, nikamjibu ndiyo, ili niilinde heshima ya Upare.

Lakini nisikupambie. Nilikwenda benki moja kubwa kuweka akiba yangu ndogo, wakaitazama kadi kana kwamba nimeikata kwa mkasi nyumbani. Si mimi peke yangu; benki nyingi kubwa zilikataa kuipokea kama kitambulisho cha kwanza, ingawa wasimamizi wa mabenki wa Serikali kuu walikwisha kusema mwaka 2015 kwamba sheria haiwazuii. Walioipokea ni baadhi ya benki ndogo na vyama vya akiba na mikopo, mfano wa hizi SACCOS zetu. Nami nikafungua akaunti katika chama kimojawapo. Kadi hiyo pia haikupi ruhusa ya kuendesha gari, wala kupanda ndege, wala kufanya kazi. Na hili ulishike sana: haibadili hata kidogo mambo yako na uhamiaji. Jimbo la New York lilibadili sheria yake ya leseni mwaka 2019, hata asiye na vibali aweza kufanya mtihani wa udereva. Lakini hilo ni jambo la jimbo, si la mji.

Sasa nirudi kwa Mama Goma. Mambo yake na Serikali kuu yalikuwa hayajanyooka. Hayo ni yake, sitayaeleza. Nilipopata kadi yangu nilimwonyesha, nikamwambia twende nikusindikize, pasipoti unayo, bili ya umeme ni ya jina lako, alama nne hizo. Akaishika kadi muda mrefu, akaigeuza nyuma na mbele. Akaniuliza, "Mwalimu, karatasi zetu wanazinakili, wanaziweka wapi?"

Usimcheke, msomaji. Sisi wa Afrika ya Mashariki na Kati tunazijua kadi. Wazee wa Kenya walifungwa kipande shingoni tangu mwaka 1920, ndani ya kijaluba cha bati, ili mzungu ajue nani katoroka kazi. Na Mama Goma ametoka mpakani mwa Rwanda. Huko Wabelgiji waliandika kabila la mtu katika kitambulisho chake miaka ya 1930, na mwaka 1994 watu waliuawa vizuizini kwa neno moja lililoandikwa katika kadi. Yeye ameyaona hayo kwa macho ya kitoto. Nikamwambia, tazama basi, hii haikuandikwa taifa, wala kabila, wala mahali pa kuzaliwa. Imeandikwa jina, tarehe ya kuzaliwa, anwani, urefu, rangi ya macho. Akasema, "Ya juu ya kadi nimeona. Mimi naulizia ya ofisini."

Mwaka ule haukuisha kabla swali lake halijawa habari ya magazeti. Baada ya uchaguzi wa Novemba 2016, watu waliogopa kwamba Serikali mpya ya Marekani itazitaka nakala zile ili iwajue wasio na vibali. Sheria ya kadi yenyewe ilikuwa imeacha nafasi: mwisho wa 2016 mji ungeweza kuamua kwamba nakala hazihitajiki tena. Desemba wabunge wawili wa jimbo, wa upande wa Staten Island, wakaenda mahakamani kuzuia zisiharibiwe, kwa hoja ya usalama na haki ya raia kuona hati za serikali yao. Nakala ya pasipoti yangu ilikuwa katika fungu hilo hilo. Maombi yangu yalikuwa halali, lakini nakwambia kweli, nilikosa usingizi kama mwizi. Aprili 2017 hakimu aliamua kwamba mji unayo haki ya kuziharibu. Mwaka huo mji uliacha kuweka nakala za hati za waombaji. Karani alitazama, akahesabu, akakurudishia.

Nilimpelekea Mama Goma habari hiyo mbio. Alinisikiliza, akaniandalia chai. Akasema jina na anwani bado huandikwa. Ni kweli, huandikwa. Watu waliozidi milioni moja walikwisha kuichukua kadi, nami naona walifanya vema, na mtu akiniuliza nitamwambia aende. Kwake sikusema zaidi. Mimi nikibahatisha na bahati ikanigeuka, naweza kurudi Same kwenye kibaraza changu. Yeye kibaraza chake hakipo tena. Na tangu mwaka 2025, Serikali kuu ilipozidisha msako wa wahamiaji, sijathubutu hata kulitaja jambo hilo mbele yake.

Kadi hudumu miaka mitano. Yangu niliibadili mwaka 2021, ijapokuwa wakati huo nilikwisha kupata kibali cha kukaa, chenye picha yake. Shuleni naona ile ya mji ni nyepesi zaidi, maana ina anwani yetu. Mjukuu wangu naye anayo, kwa kuwa umri ulishushwa kutoka miaka 14 hadi 10, na picha yake imetoka akiwa amenuna.

Mama Goma hana kadi hadi leo. Husafisha maofisi usiku, na mchana hulala. Kitinda mimba wake anasoma shule ile ile, na katika kadi yake ya dharura, chini ya jina la mama, limeandikwa jina langu. Mtoto akiumwa simu hulia kwangu. Nafika mlangoni, naweka kadi mezani, askari anatazama picha, ananitazama usoni, kisha ananionyesha ngazi.